Kiti cha Pembeni

Mpiga tarumbeta mstaafu ametokea katika filamu chungu nzima za kumbukumbu, zote za wenzake waliotangulia. Mkewe anazijua hatua zake: huketi pembeni kabla ya kuelekezwa ili picha ya marehemu ipate nafasi ukutani, hufunga kifungo cha juu cha shati, hupiga kofi moja ili sauti na picha zipatane, kisha huwamwagia wenzake sifa mpaka mshika kamera apenge kamasi. Chini ya uso wake huandikwa "rafiki wa msanii", basi.

Leo alianza vilevile. "Yule bwana alikuwa na pumzi…"

"Samahani, babu," binti mwenye kamera akamkatiza. "Filamu hii ni yako."

Vidole vitatu vya mzee vikaanza kucheza gotini, kama vifanyavyo akiwa usingizini. Mkewe akaingia chumbani, akatoka na tarumbeta linalong'aa; hakuacha kulisugua miaka yote hiyo.

"Marehemu wameshasifiwa vya kutosha, mume wangu. Puliza."

Mzee akafungua kifungo, akapuliza mpaka vioo vya dirisha vikatetemeka na jirani akazima redio yake.

Binti akaomba arudie. Pale pembeni hakuonekana vizuri.

"Narudia," akasema mzee, akinyanyuka. "Lakini kiti kije katikati."