Mama Kabwe wa Katuni

Siku hizi binti yangu na rafiki zake huimba nyimbo za katuni za Kijapani kama wamezaliwa huko. Juzi alikuwa akitazama moja kwenye simu, nami nikaitambua ile mashua.

Niliiona kwanza nikiwa mtoto Nchelenge, mji wa kando ya ziwa, katika banda la video lililonuka petroli ya jenereta na samaki wakavu. Mtafsiri wetu hakujua Kijapani. Alijitungia maneno kwa Kiswahili, na wahusika akawapa majina ya majirani. Mwanamke mwenye nywele za bluu alimwita Mama Kabwe. Kabwe ni mimi, na mama alikuwa amevuka ziwa asubuhi kwenda Kongo kununua samaki.

Mashua ya katuni ikapinduka naye ndani. Hapo petroli ikaisha, televisheni ikazimika.

Nilikimbia ufukweni nikilia. Jua lilipopungua makali, mama akashuka na vikapu vyake.

“Mama, ulikufa mu video!”

“Miye? Na hii samaki, nani alileta?”

Nilicheka, lakini yule mwingine wa katuni nikamwacha majini miaka yote. Juzi nikavuta kiti kando ya binti yangu. Mwanamke akaibuka, akaogelea hadi nchi kavu. Nikashusha pumzi.

“Mama, unamujua?” binti akauliza.

“Ni mama yangu.”