Régis Hataki Mzee Aulize Tena

Saa tano asubuhi, Aprili 2008, katika ukumbi wa kanisa karibu na Fordsburg, kusini kabisa mwa Afrika, Régis anakagua kamera yake kwa mara ya nne. Anaweka jicho, anatoa. Anakwenda mlangoni, anarudi. Bibi harusi hata kwenye gari hajashuka.

"Hamsini," anajiambia. "Iko hamsini."

Hiyo ni kasi ya shata: kila picha inapata mwanga kwa sehemu moja ya hamsini ya sekunde. Hapo mtu akicheza, video inamwonyesha anavyocheza kweli. Hata taa za tyubu, ambazo hupepesa bila macho yetu kujua, zinatulia.

Mrundi huyu wa miaka thelathini na minne, ambaye siku za kazi hulinda geti la maduka Randburg, alijifunza hayo kwa aibu. Miaka miwili iliyopita alirekodi harusi ya Joséline. Nje jua lilikuwa kali, akapandisha shata hadi elfu moja. Wakaingia ukumbini wakiimba, naye akasahau kuirudisha; kwa kasi hiyo anayecheza huonekana akirukaruka kwa vipande.

Baba yake Joséline, mzee Astère, yuko Bujumbura na miguu haimruhusu kusafiri. Harusi aliiona kwenye DVD, kisha akapiga simu.

"Hakunigombeza," anasema Régis. "Aliniuliza, 'Mwanangu, unanificha nini? Joséline ana ugonjwa gani? Mbona anatetemeka hivyo?' Ndugu yangu, mpaka leo naona haya."

Leo anaolewa Yolande, mdogo wake Joséline. Mzee hana binti mwingine.

Ngoma inaanza. Yolande ananyanyua mikono kama pembe za ng'ombe, mtindo wa kwao. Mara umeme unakatika, kama ulivyozoea mwaka huu. Jenereta inanguruma na watu wanashangilia. Régis peke yake anashika kichwa. Jenereta haina mwendo ulio sawa, na kwenye kamera picha inang'aa na kufifia, inang'aa na kufifia. Hamsini yake haimsaidii tena.

"Eish! Zimeni taa! Tutoke nje!"

"Kaka, wageni wameshakaa," anasema Joséline. "Chakula kinapakuliwa."

"Dada, unakumbuka simu ya baba?"

Joséline anakumbuka. Anamshika mdogo wake mkono, na harusi nzima inatoka uani ikilalamikia sahani zake.

Juani, kidole cha Régis kinakwenda chenyewe kwenye kitufe cha shata. Anakirudisha. Badala yake anafunga kioo cheusi mbele ya lenzi kupunguza mwanga, na hamsini inabaki hamsini. Yolande anacheza, na mikono yake inapita angani taratibu, bila kukatika.

DVD itaondoka Jumatano na mfanyabiashara anayerudi Bujumbura. Mpaka ifike, Régis hana usingizi wala hamu ya kula.

"Mzee akipiga simu safari hii," anasema, huku akiirudia picha kwa mara nyingine, "namwomba Mungu aniulize tu bwana harusi ni mtoto wa nani."