Uchuro

Kijana mwongozaji alikuja nyumbani kwangu Shangani akaketi ukingoni mwa kiti kama mtu aliyekuja kuposa. Alikuwa anatengeneza tamthilia ya kurusha mtandaoni, na watu walishamwambia kwamba yule mama mstaafu wa ofisi ya korosho kule Naliendele, zamani aliigiza. "Sehemu yenyewe ndogo, mama," akasema. "Hutakuwa na maneno ya kukariri." Nikamuuliza nitacheza nani. Akainamisha macho.

"Maiti."

Nilicheka mpaka chai ikanipalia. Karibu miaka arobaini sijakanyaga jukwaa, halafu narudi nimelazwa chali! Nikamwambia nitafikiri. Alipotoka kicheko kikaniisha, nikabaki na hofu yangu ya siku zote.

Nilikuwa na miaka ishirini na mbili nilipoacha kuigiza. Kikundi chetu hakikuwa na maandishi. Mwongozaji alisimulia kisa, akagawa wahusika, kila mtu akaenda kujitafutia maneno. Mimi nilipewa binti aliyefiwa na mama. Wakati ule mama yangu alikuwa anaumwa, kule kwetu Ziwani, homa ya kuja na kuondoka, nami nilikuwa mvivu wa kutafuta mbali. Nikachukua yaliyokuwa karibu: mkeka wake, kikohozi chake, jembe lake lililokaa nyuma ya mlango bila mtu wa kulishika. Nikafanya mazoezi uani, nikalia kwa sauti, "Mama, umeniachia nani?"

Akaniita. Nilipoingia alikuwa amejiinua kwa kiwiko, ananitazama.

"Unanichuria, ntoto wewe," akasema.

Kwetu mtu halilii kifo ambacho hakijafika. Huo ni uchuro, ni kukiita kije. Nikamwomba radhi, nikaahidi kubadilisha maneno. Alilala tena, akageukia ukutani.

Siku mbili baadaye alionekana ana nafuu, akanywa uji, nikapanda gari kwenda mjini kwenye onyesho la alasiri. Pale jukwaani, ukumbi umejaa, maneno mapya yakanikimbia. Nikasema yale yale. Nikataja mkeka, nikataja jembe. Wanawake wa mstari wa mbele walifuta machozi kwa kanga zao, na nakiri kwamba nilifurahi. Sijawahi kupigiwa makofi vile.

Mama alikata roho alasiri hiyo hiyo.

Msibani sikuweza kulia. Nilikaa katikati ya wanawake, macho makavu, hadi mama mdogo akasema bila hata kushusha sauti, "Huyu kashamaliza machozi huko alikotoka." Sikurudi tena kwenye kikundi. Nikajifunza kupiga chapa, nikaajiriwa, nikaolewa, nikazeeka salama. Lakini kila nilipoona jembe nyuma ya mlango wa mtu, nilisikia kiwiko cha mama kikisugua mkeka. Niliamini nimemuua, na sikuwahi kumwambia mtu.

Kwa nini basi nilikubali kuwa maiti? Nilitaka kulala kama alivyolala mama, nijue alisikia nini. Binti yangu aliyeko Dar es Salaam alipiga simu akafoka, "Mama, unajichuria!" Nikamjibu kwamba kwa umri wangu uchuro utanikuta njiani tayari, asijisumbue. Ulikuwa mdomo tu.

Tulirekodi asubuhi, sebuleni kwa watu, mitaa miwili kutoka kwangu. Nikalazwa mkekani, nikafunikwa shuka jeupe mpaka usoni. Binti wa kunililia alikuwa na umri wangu wa wakati ule, na yeye pia hakupewa maandishi. Akapiga magoti, akanishika mguu.

"Mama, amka unikemee. Nani atanisuka Alhamisi?"

Nikajua papo hapo. Hilo la Alhamisi halikubuniwa. Kuna mama mzima mahali fulani, na kila Alhamisi anamsuka huyu mtoto. Nikakaza mwili kungoja kile kitu kibaya ambacho maneno yale yangekileta. Hakikuja. Kilichokuja ni ule mkono wenye joto, na sauti ya mtu anayeogopa kuachwa. Machozi yakanitoka, yakatiririkia masikioni, shuka likalowa.

"Simamisha!" mwongozaji akasema. Halafu, kwa adabu kabisa, "Samahani, mama. Maiti hailii."

Wote wakacheka, isipokuwa binti. Alinifuata uani nilipokwenda kunawa.

"Nimemtumia mama yangu," akasema. "Yuko hai, anaumwa miguu tu. Kama nimemchuria, je?"

Nilikuwa na jibu langu la kiofisi, kwamba haya ni maigizo tu. Nikafungua kinywa nilitoe, na sauti iliyotoka ilikuwa ile niliyoiacha Ziwani.

"Nenda kamwambie ulivyomlilia, angali anasikia," nikasema. "Hata mimi nilikuwa nakusikia, ntoto wewe."

Akanibusu mkono, akakimbilia simu yake. Ndani walikuwa wameshatandika upya, wananiita. Nikalala, binti naye akarudi mahali pake. Shuka jipya lilipokuwa bado linakunjuliwa machozi yakaanza tena, nami sikutaka yule binti ayaone, atafikiri ameniumiza. Nikageukia ukutani.

Kumbe ndivyo alivyogeuka mama.