Mtakatifu Wangu wa Sinema

Nilipotoka chuoni nilijipa kazi ya kuwaokoa watu wa Kikima kutoka kwa Musyoka, mpiga video wa harusi ambaye vichekesho vyake vya mbuzi na mama mkwe hujaza ukumbi wa kanisa letu kila Jumamosi. Niliomba ukumbi huo uwe wa sinema yenye maadili. Wazee wakanipa Jumamosi moja ya majaribio.

Nilihutubu kwa kirefu juu ya mtayarishaji mmoja wa Ulaya, aliyetoa filamu kuhusu maskini wa miji iliyobomolewa na vita. "Huyu," nilisema nikimkazia macho Musyoka, "hakuwahi kuuza kicheko." Filamu niliyoileta sikuwa nimeitazama. Niliona jina la mtayarishaji huyo juu yake nikaamini, kama anunuaye gari kwa rangi.

Kwetu, aletaye filamu husimama kando ya ukuta na kuitafsiri kwa Kikamba, kama mahubiri ya mgeni. Nikasimama. Likatokea jitu la misuli lililopakwa mafuta, likipigana mieleka na simba wa mpira. Kumbe filamu za maskini hazikumlisha mtayarishaji wangu. Filamu za majitu kama hili ndizo zilizomlisha.

Kisha malkia mwenye simba yule akaliambia jitu neno. Nikajifanya sikusikia.

"Anasema nini, mwalimu?" Musyoka akauliza kwa upole.

"Tafsiri, mwanangu," mchungaji akaongeza. "Tuliahidiwa maadili."

Nikasafisha koo, nikawatangazia akina mama wa kanisa: "Nibusu, la sivyo simba wangu atakumeza."

Sijawahi kuusikia ukumbi ule ukicheka hivyo, hata kwa mbuzi wa Musyoka.