Kirikuu Kilichotiwa Kalafati

Kong'. Halafu kimya kidogo, halafu kong' kong', kama mtu anayegonga sufuria tupu kwa mwiko ili jirani ajue amekasirika. Mpaka leo nikiusikia mlio wa namna hiyo naacha nilichoshika. Ulikuwa unatoka chini ya kirikuu cha shemeji yangu, ile pikapu ndogo yenye pua fupi, kila kilipopanda mizizi ya mkorosho kwenye kona ya kuingilia nyumbani, Kirongwe, kijiji cha huku kisiwani. Mimi niko uani nakuna nazi, nikajua shemeji amerudi kabla hata kuku hawajakimbia.

Abiria wake walishauzoea. Wakipakia magunia yao wanasema, "Twende, na ngoma tunayo." Shemeji anacheka nao.

"Gari lisilosema limekufa hilo," anawajibu. "Langu zima. Linaongea."

Na watu wazima na ndevu zao wanatikisa vichwa kana kwamba wamepewa elimu.

Mimi nilikuwa nimehamia pale kumsaidia dada. Dada yangu wa tumbo moja ndiye mkewe, na mimba yake ilikuwa imeshakuwa kubwa. Mtoto wa kwanza, ambaye wakati huo alikuwa kwa bibi yake Bwejuu, alitolewa kwa kupasuliwa. Safari hii nesi alimwambia wazi: usingoje uchungu ukukute nyumbani, njoo Kilindoni mapema ukae karibu na hospitali. Kutoka kwetu mpaka Kilindoni si mbali kwa mtu mwenye afya yake. Lakini njia ni ya vumbi, ina makorongo na migongo, na gari la kumpeleka dada lilikuwa ni lile lile linaloongea. Hilo ndilo lililoninyima raha. Nilikuwa nikilala naliona tumbo la dada linaruka kila gari linaporuka.

Nikamwambia shemeji akodi gari la mtu. Akanitazama kama nimemwambia avae gauni.

"Mie mwenye gari, nikodi gari? Watu wanicheke?"

"Wakucheke, shemeji. Kicheko hakiui mtu."

"Weye hujui mambo ya watu."

Kweli, mengi siyajui. Shule nimeishia kidato cha pili, na hicho cha pili chenyewe nilikaa nyuma nachora malori. Nina ndoto zangu, sifichi: siku moja niwe na gereji pale Kilindoni, ukuta nimeupaka rangi ya bluu, na jina langu juu ya mlango, watu wakishuka botini walione. Ndiyo maana bando likiwepo sitazami miziki. Natazama mafundi. Kuna mmoja mwenye kitambi huko bara, anaongea polepole na kuigusa kila nati kwa kidole kama anakutambulisha kwa ndugu zake. Huyo amenifundisha kuliko walimu wangu wote, na hajui kama nipo.

Basi siku moja gari limesimama, nikalishika tairi la mbele, mkono huku na mkono huku, nikalitikisa. Likacheza kama jino la mtoto. Nikajilaza mchangani nikachungulia. Kuna kiungo kinachoushika mkono wa usukani na kuuunganisha na tairi; mafundi wanakiita tairodi. Ndani yake mna kichwa cha chuma cha mviringo kinachozunguka kwenye kikombe chake, na juu yake mpira wa kuzuia vumbi. Ule mpira ulikuwa umechanika siku nyingi. Grisi imekwisha, mchanga wa kisiwa kizima umeingia, kichwa kimelika. Upande wa pili nao ulikuwa njiani kufuata.

Nikamweleza shemeji vizuri, kwa adabu, nimekaa chini. Akasikiliza. Kisha akaenda kumwita mjomba wake.

Mjomba huyo ni fundi kalafati. Kwenye kazi yake sina neno: mashua akiishindilia pamba yenye mafuta kati ya mbao, maji yatabisha hodi mpaka yachoke. Lakini kwetu mtu akishasifiwa kwa kazi moja anakabidhiwa kazi zote. Fundi wa mashua ataitwa kwenye cherehani, ataitwa kwenye redio, ataitwa mtu akikwamwa na mwiba wa samaki kooni. Na yeye hasemi sijui. Neno hilo wanaume wa barazani kwetu hawana, sijui waliliuza wapi.

Akaja na patasi yake, nyundo ya mti, bunda la pamba na kikopo cha sifa, yale mafuta ya maini ya papa wanayopaka vyombo.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba, mwanangu. Gari lenu limekula nini?"

"Kiungo kimelika, mjomba. Kinataka kutolewa, kiwekwe kipya."

Akaingia chini, akatoka na mchanga kichwani. "Kimeachia tu. Chombo kikiachia huzibwa."

"Lakini hapo hapavuji maji."

"Mwanangu, kila kinachocheza kina nafasi. Ziba nafasi, mchezo umekwisha."

Shemeji akampiga mjomba wake begani kwa furaha. "Umeona? Hayo ndiyo maneno. Siyo ya kwenye simu."

Nikasimama pale nikitazama wanaume wawili wazima, mmoja ana miaka ya kuwa babu yangu, wakilitia gari kalafati. Pamba ikachovywa kwenye sifa, ikashindiliwa kwa patasi ndani ya tairodi, tok tok tok, kwa ustadi kabisa. Juu yake wakazungusha mshipi wa kuvulia wakaukaza kwa meno. Mjomba akamalizia kwa kupaka sifa gari zima chini, kutu isilile. Sikuwahi kuona upumbavu uliofanywa kwa mikono mizuri namna ile.

Na ukweli usemwe, mlio ulinyamaza. Pamba ilijaza nafasi, gari likaenda kimya. Shemeji akawa hakai chini. Kila anayepita barazani anaambiwa, na mimi nikipita na ndoo ya maji anainua sauti: "Sasa mwenye simu yuko wapi?"

"Yupo, shemeji. Anakutekea maji ya kuoga, unanuka papa."

Maana walinuka wote, yeye na gari lake. Paka wa Kirongwe walikuwa wanalifuata kirikuu mpaka njia kuu. Likisimama wanaingia chini yake wanalamba. Mama mmoja alipanda na kanga yake mpya ya kwendea harusini akashuka hapo hapo, akasema heri atembee. Shemeji akasema wanawake hawapendi maendeleo.

Maji ya kifuu bahari ya chungu. Na huyu alikuwa na kifuu kinachonuka.

Mchanga ukaila pamba, mlio ukarudi. Kong'. Safari hii ukitazama gari kwa mbele tairi moja linaelekea Kilindoni, jingine linaelekea Bweni. Nikasema tena. Shemeji akasema hata usukani wa mashua una nafasi, usipokuwa na nafasi unavunjika. Nikamuuliza kama mashua yake inapita kwenye makorongo. Akaniambia nikapike.

Ikafika siku ya kliniki. Dada akavaa baibui yake, akapanda mbele, mimi nikabaki kufua. Sikumaliza hata kusuuza. Namwona dada anarudi kwa miguu katikati ya njia, mkono mmoja umeshika kiuno, mwingine umeshika tumbo, vumbi mpaka kwenye kope. Nyuma yake kirikuu kinamfuata polepole, kong', kong', shemeji ametoa kichwa dirishani.

"Mke wangu, ni mchanga tu ule. Panda basi. Watu wanaona."

Gari lilikuwa limemponyoka likaingia kwenye shamba la mihogo. Bahati yake alikuwa mwendo wa kobe. Dada hakuumia, ila alipofika akakaa kwenye ngazi akaanza kutetemeka, na mimi nikaivua kanga yangu nikamfunika ingawa jua lilikuwa kali. Sikujua kingine cha kufanya.

Dada yangu ni mtu mpole kupita kiasi. Upole wake mara nyingine naudharau pia, Mungu anisamehe, kwa sababu ndio uliomnenepesha mumewe kichwa. Siku zote ananiambia, "Mwache, ataona mwenyewe." Siku ile alimngoja shemeji azime gari, akasema bila kupaza sauti:

"Sipandi tena."

"Mke wangu..."

"Sipandi. Nitazalia hapa hapa ukumbini, na kisu atashika mjomba wako. Alete na pamba yake."

Jioni ile ile shemeji akampigia binamu yake wa Dar. Hata hapo alitaka kuagiza tairodi ya upande mmoja, ule unaolia, ati mwingine haujasema kitu. Dada akamuuliza kutoka ndani, "Kiatu nacho huwa unanunua kimoja?" Akaagiza pande zote mbili.

Viungo vikaja na boti ya Nyamisati, kila kimoja kwenye boksi lake, vinang'aa kama vyombo vya bibi harusi. Nilivishika nikavizungusha. Kichwa kilikuwa kigumu, kinageuka kwa kukataakataa, kama kinavyotakiwa. Shemeji akaninyang'anya, akasema vitaingia mchanga.

Kazi ikafanyika uani siku ya Alhamisi baada ya chai. Shemeji aliweka jeki juu ya mchanga mtupu, gari halikupanda, jeki ndiyo iliyozama. Akailaumu jeki. Nikaleta kipande cha ubao, nikaleta mawe ya kuzuia matairi ya nyuma, nikasukuma gogo la mnazi chini ya chesisi ili gari likianguka lisimwangukie. Akasema naleta kuni za nini.

Mjomba naye alikuja, akakaa kwenye kigoda, akawa anatoa amri za baharini. Nati ya zamani ilipofunguka, tairodi ikagoma kutoka kwenye tundu lake. Shemeji akaanza kuipiga kwa juu na nyundo, kichwa cha skrubu kikafumuka kama uyoga.

"Piga ubavuni," nikasema. "Pale inapoingia. Ukipigapiga ubavu itaruka yenyewe."

"Nani fundi hapa?"

Nikampisha. Akapiga juu mpaka akajipiga kidole, akaenda kukinyonya kivulini. Nikachukua nyundo nikapiga ubavuni. Ikaruka. Aliporudi akasema aliilegeza yeye, na mjomba akatoa ushahidi kuwa ndivyo.

Kabla ya kuifungua ile ya zamani nilikuwa nimevunja chelewa, ule uti wa ukuti, nikaukata sawasawa na urefu kutoka ncha ya chuma mpaka katikati ya kiungo. Mashine ya kunyoosha matairi kwetu haipo. Mpya nikaizungusha mpaka ikalingana na chelewa yangu, upande huu na upande ule. Shemeji akauliza nacheza nini na vijiti. Nilimwambia napima. Mjomba, hapo nitamtendea haki, alitikisa kichwa, kwa sababu waunda mashua nao hupima hivyo. Kisha akaharibu kwa kuomba ruhusa ya kutia sifa kidogo tu, kwa baraka. Nikamwekea mkono juu ya kikopo. "Mjomba, hapana." Akacheka, akakiweka kando. Yeye angalau anajua kucheka akikataliwa.

Nati za mwisho shemeji alizikaza mwenyewe, mishipa imemtoka shingoni, maana watu walikuwa wamefika kutazama. Akalipeleka gari mpaka kwenye mkorosho na kurudi. Halikusema kitu. Akashuka taratibu kama mtu ashukaye ndege.

"Nimebadilisha mwenyewe," akawaambia. "Hapa hapa uani. Kwa nini nimpe mtu hela?"

Wakampongeza. Dada akamletea uji wa mchele ulioungwa tui, akamwambia ahsante mume wangu. Nilitamani kucheka na kulia, nikaenda kuokota spana.

Ndipo nikaviona viboksi kwenye jamvi, na ndani ya kila kimoja pini ndogo ya miguu miwili, bado haijaguswa. Ile nati ya tairodi ina mapengo juu kama ngome, na skrubu yake ina tundu. Pini hupita mle, miguu yake ikapindwa, nati isijifungue barabarani.

"Shemeji, hizi pini."

Alichukua moja, akaitumia kuchokoa meno. "Za ziada hizo. Spea huja na ziada siku zote. Nimekaza mpaka chuma kimelia, haiendi popote."

"Jumamosi dada anapanda humu kwenda Kilindoni."

"Na mimi je? Si napanda humu humu?" Akatazama watu, wakacheka. Nikaona haina maana. Alipomaliza meno yake akaitupa pini mchangani, nami nikaiokota, nikaiosha.

Siku ya pili ilikuwa Ijumaa. Wanaume walikwenda msikitini wote, kijiji kikatulia. Dada alikuwa amelala ubavu kwenye mkeka, begi lake la hospitali limeshafungwa liko miguuni pake, na kanga mpya za mtoto juu. Nilimpepea kidogo mpaka pumzi zikawa nzito. Kisha nikachukua zile pini mbili, spana na plaizi, nikatandika gunia, nikaingia chini ya kirikuu. Bado kilinuka papa.

Upande wa kulia tundu lilionekana, pini ikapita kwa jaribio la kwanza. Wa kushoto tundu lilikuwa limejificha nyuma ya jino la nati. Nikaivuta spana kidogo, nikachungulia, nikaivuta tena mpaka mwanga ukapenya upande wa pili. Nikaingiza pini, nikapinda mguu mmoja juu na mwingine chini, nikaugusa kila mmoja kwa kidole, nikatoka nikakung'uta gunia.