Sehemu ya Tano Haiji Bila Suruali

Shangazi yangu, dada yake marehemu baba, ni fundi cherehani. Kwa miaka mingi alitaka kitu kimoja tu hapa duniani: kusimama na kwaya ya kanisa letu aimbe Wapokezi Saba, hata mara moja. Alijaribiwa sauti mara tatu. Mara ya kwanza mwalimu wa kwaya alikohoa. Mara ya pili alimwambia arudi akipona mafua, naye hakuwa na mafua. Mara ya tatu mwenyekiti wa kwaya mwenyewe alimsindikiza hadi mlangoni.

"Dada yangu, Mungu anawasikia hata wanaonyamaza."

"Basi ninyi mnampigia kelele za nini?" Shangazi akamjibu, akarudi kwenye cherehani yake.

Ni kweli sauti yake ni ya bati linaloburutwa sakafuni. Mimi ni mtoto wa kaka yake na bado nasema hivyo, ila simwambii.

Wapokezi Saba ni wimbo mtakatifu wa zaidi ya saa nzima, uliotungwa na mwalimu wa dini wa kwanza wa kanisa letu. Unasimulia jinsi maarifa ya Mungu yalivyopita mkono kwa mkono. Mmoja aliyachonga kwenye jiwe, jiwe likapasuka. Mwingine aliyaandika kwenye ngozi, panya wakaitafuna. Wa tatu aliyafukia ndani ya mtungi, akafa bila kusema ni wapi. Hivyo hivyo hadi wa saba, anayewafundisha watoto. Kila sehemu ikiisha, kwaya nzima inaitikia: "Tumepokea, tusifiche."

Mwenyekiti aliitikia kwa nguvu kuliko wote, ufunguo wa sanduku ukining'inia shingoni mwake.

Maana kitabu cha wimbo kilikuwa kimoja, na kilifichwa sandukuni. Kamati iliamua zamani kwamba kisinakiliwe, kisije kikaharibiwa na wenye mwandiko mbaya. Iliamua pia wimbo uimbwe mara moja tu kila miaka saba, usije ukachakaa. Mwalimu alisoma kitabuni na kila sauti ilikariri mistari yake peke yake. Siku ya kuimba ikipita, kitabu kilirudi sandukuni na watu wakasahau kwa amani.

Zamu ya tano ilipofika, wageni wakiwa wameshaalikwa, mwenyekiti alifungua kufuli mbili mbele ya kamati. Kufuli zilikuwa nzima, zinang'aa. Mchwa walikuwa wamepitia chini. Waliacha jalada na unga.

"Jalada limesalimika," alisema mwenyekiti, kwa kuwa ilibidi mtu aseme kitu.

Wakajaribu kukumbuka. Sauti ya kwanza walikumbuka mwanzo, sauti ya nne walikumbuka mwisho, na sauti ya tatu walikumbuka vizuri mahali pa kunyamaza. Kisha chumba kizima kikanyamaza. Ndipo wakasikia, kutoka kibaraza cha ng'ambo ya njia, cherehani ikienda na bati likiburutwa. Sehemu ya pili, neno kwa neno.

Ilikuwa hivyo kila siku kwa miaka ishirini na nane, tangu mazoezi ya kwanza aliyoyasikia kutoka kibarazani. Hakuna aliyewahi kutega sikio.

Jioni ile ile mwenyekiti na mwalimu wa kwaya walikuja kibarazani. Mimi niliitwa niandike maneno, kwa sababu mwandiko wangu unasomeka. Ndiyo elimu pekee niliyotoka nayo darasa la saba. Nikapewa kigoda karibu na cherehani. Mwalimu alikaa kitini aandike noti za sauti.

"Shangazi, anza," mwalimu akasema.

Akafungua mdomo, akaufunga.

"Haiji."

"Haiji vipi, na tumekusikia?"

"Nilikuwa nashona. Kola ni sehemu ya kwanza. Gauni la mtoto ni ya pili na ya tatu. Bila kitambaa sina kitu."

Mwenyekiti akatuma yaletwe majoho ya kwaya, ambayo kwa kweli yalikuwa yamechanika. Miguu ya Shangazi ilipoanza kukanyaga, wimbo ukatoka kama maji bombani. Siku ya kwanza tulimaliza sehemu mbili, kola sita na nusu ya gauni la mtoto wa jirani. Sehemu ya tatu ilimaliza gauni, na ya nne ilitoka na mikono ya majoho. Kisha akaacha kukanyaga.

"Ya tano haiji bila suruali. Ni pindo la suruali."

Nyumba ile haikuwa na suruali. Mimi nilikuwa na kaptula. Mwalimu alijitazama, kisha akamtazama mwenyekiti, ambaye suruali yake kweli ilikuwa inaburuta.

"Mama, kuna watu hapa," mwenyekiti akasema.

"Kuna kanga ndani. Jifunge."

Akajifunga. Akakaa kwenye mkeka, kanga kiunoni na ufunguo shingoni, na sehemu ya tano ikatoka yote, na suruali yake ikafupishwa kwa kipimo cha wimbo, si cha miguu yake.

Tulipomaliza ya sita, nilifungua ukurasa mpya niandike ya saba.

"Bado," alisema Shangazi. "Kabla ya sehemu ya saba kuna mwanamke anaimba peke yake."

Akaimba, macho yakiwa mbali: "Nami niliyekaa mlangoni, hakuna aliyenipa. Nilisikia."

Mwalimu aliandika upesi. Mwenyekiti alikunja uso.

"Nimeuimba wimbo huu mara nne. Simkumbuki huyo wa mlangoni."

"Sehemu ya tatu unaikumbuka, mwenyekiti?"

"Siyo yote."

"Ya sita?"

Mwenyekiti akashika ufunguo wake.

"Sasa yeye utamkumbukia wapi?" Shangazi akauliza. "Na anayemwimba lazima awe anamjua tangu zamani. Si wa kujifunza wiki mbili."

Mimi nilikuwa kwenye kigoda, chini, macho yangu yakiwa usawa wa kanyagio. Sehemu zote sita miguu yake haikutulia hata kidogo. Kwa yule mwanamke wa mlangoni, ilikuwa imetulia kabisa, imepangwa sambamba kama viatu vya dukani.

Nikayaandika maneno yake kama alivyoyaimba. Ndivyo nilivyo.

Siku ya kuimba Shangazi alisimama katikati ya kwaya, joho limemkaa vizuri kuliko wote. Bati likaburutwa kanisa zima. Watu walilia. Mgeni mmoja mkubwa alisema kwamba sauti kama ile haipatikani tena, ndiyo iliyokuwa sauti ya watu wa kale. Mwenyekiti alikubali kwa kichwa, akasema kamati ndiyo iliyoihifadhi.

Kitabu nilichoandika kiliwekwa kwenye sanduku jipya. Lina kufuli tatu.

Baada ya wiki nilipita kibarazani, nikajikaza nikamuuliza.

"Shangazi, yule wa mlangoni. Alikuwemo?"

Hakuinua macho kutoka kwenye kola.

"Kitabuni yumo?"

"Yumo."

"Mwandiko ni wa nani?"

Akakanyaga, na sehemu ya kwanza ikaanza.