Kijiko cha Mchumaji

Ukimuuliza mtu wa Gesima kuhusu Anyona, atakwambia ni mzee mgumu, kisha ataongeza haraka kwamba ni mwadilifu. Yote mawili ni kweli. Kwa miaka kumi na minane aliamka kabla ya jua, akashuka shambani na unyoya wa kuku na kikombe cha bati, akapangusa umande kwenye mashina yake makongwe ya chai. Umande wenyewe si wa kunawia uso. Ukimnywesha mtu aliye mahututi kijiko kimoja, humwongezea saa moja: damu husimama, na kifo hakimgusi mpaka saa hiyo iishe.

Kitu kama hicho hakiachiwi wakulima. Nchi tano zilikaa katika hoteli moja Kisii mjini, zikala kuku, zikatia sahihi Mkataba wa Umande: wote upelekwe kituoni, uuzwe ng'ambo kwa wagonjwa wenye uwezo, na mchumaji apewe kijiko kimoja tu kwa mwaka. Nacho akitumie kwa mkono wake mwenyewe, kwa mtu wa damu yake. Ili asikiuze kwa mlango wa nyuma, kila chupa ilifungwa kwa kiapo: mchumaji akishaipokea, mkono mwingine ukiigusa, umande unakauka. Wazee wetu waliokuwa mezani walikipigia makofi kifungu hicho. Hakuna hata mmoja aliyekumbuka kusema kwamba kwetu si kila mtu huingia kila nyumba. Hasira yangu kwao haijaisha.

"Mzee, hii usimpe mtu akushikie," Hafiz, wakala wa kituo, alimwambia Anyona akimkabidhi chupa ya mwaka huu. "Jirani yako Esnah alimtuma dada yake. Ilifika tupu."

"Mimi situmi mtu," Anyona alijibu, akaitia mfukoni.

Kwetu baba haingii nyumba ya mwanawe aliyeoa. Hiyo ndiyo chinsoni, haya kati ya mzazi na mtoto, na anayeivunja huwaletea wajukuu mkosi. Anyona aliilinda kuliko wengine. Nyakundi, mtu wa rika lake, alipojikinga mvua ya mawe sebuleni mwa mwanawe, ni Anyona aliyesimama mbele ya wazee akataka atozwe mbuzi. Heshima si utumwa, alisema siku hiyo. Mwanawe mwenyewe, Nyangau, alijenga hatua hamsini kutoka kwake, na kwa miaka kumi na mmoja mzee hakujua hata rangi ya kuta za ndani.

Alhamisi moja mchana Nyangau alianguka kutoka juu ya mkaratusi aliokuwa akiukata matawi. Majirani walimbeba hadi kitandani kwake, kisha wakakimbilia barabarani kutafuta gari. Alibaki na mkewe, Persis. Anyona alifika akihema, chupa mkononi, akasimama kizingitini.

"Tata, ingia!" Persis alimlilia baba mkwe wake kutoka chumbani. "Anaisha!"

"Mtoe nje, Mama Natasha. Nitampea hapa."

Persis alijaribu. Alivuta godoro, Nyangau akapiga ukelele, damu ikamtoka mdomoni, akaliacha. Mzee alizunguka hadi dirishani. Lilikuwa na vyuma, na kitanda kilikuwa upande wa pili wa chumba. Aliingiza mkono hadi begani, ukapapasa hewa tu. Nyangau alimwona, akatikisa midomo.

"Anasema nini?"

"Anakuita."

Anyona alirudi mlangoni. Aliinua mguu, akaushusha. Alimfikiria mjukuu wake Natasha na mkosi utakaomwandama, na, tuseme ukweli, alimfikiria Nyakundi pia, na jinsi atakavyocheka. Alimpenda mwanawe kuliko roho yake, na bado mguu ulikataa. Sheria ni msumeno, hukata mbele na nyuma, na huu aliunoa mwenyewe.

"Tata, nakuomba," Persis alisema, sasa akiwa ameshikilia fremu ya mlango. "Mambo ya chinsoni tutatakasa kesho. Mbuzi iko."

"Ngoja kidogo. Watu wanarudi. Watamtoa nje."

Akangoja. Sijui ni dakika ngapi. Yeye mwenyewe hasemi. Persis alirudi kwa mumewe. Kisha kilio chake kikabadilika, na hapo ndipo mguu wa mzee ulipokubali. Alivuka sebule bila kuangalia kitu, akapiga magoti kando ya kitanda, akafungua chupa na kummiminia mwanawe kinywani. Umande ulitoka pembeni mwa midomo, ukashuka kidevuni, ukalowesha mto. Aliyekwisha kwenda haongezewi saa.

Muda si muda gari la jirani Bosire likanguruma getini. Saa ile moja ingetosha kumfikisha hospitalini, tena ingebaki. Wanaume wanne waliruka na machela ya magunia, wakafika hadi mlango wa chumba, wakamwona mzee amepiga magoti ndani ya nyumba ya mwanawe. Walisimama papo hapo, wakainamisha nyuso.

"Ingieni tu," Persis aliwaambia. "Hakuna tena wa kuonewa haya humu ndani."